Gogo la kunde: mchomo wa Krismasi usio na nyama, mayai, ngano wala karanga

Swali: Shikamoo mwalimu. Krismasi hii tunakutana kwa wazazi wetu Marangu, Kilimanjaro, watu kumi na wanne. Mdogo wangu anakuja na mchumba wake kutoka Ujerumani, na huyo mchumba ni vegani, hali nyama, samaki, mayai wala maziwa. Mwanangu wa miaka saba ana aleji ya karanga na mayai. Shangazi yetu naye alikatazwa ngano hospitali. Ndafu, yule mbuzi mzima wa kuchoma, itakuwepo kama kila mwaka, lakini sitaki mgeni wetu akae na mchicha wake pembeni wakati wenzake wanakatiwa. Mdogo wangu anasema ataleta mchomo wa vegani wa pakiti kutoka huko, ila naogopa mtoto na shangazi watautamani. Je, naweza kupika nyumbani kitu kizima cha kukata kwa kisu mezani, ambacho wote hawa watakula? Ovena hatuna. Tuna mkaa na jiko la gesi la plate mbili.

Jibu: Marahaba, mwanangu. Unaweza, tena kwa vitu vya sokoni Moshi na kwa mkaa huo huo. Nimefurahi umeuliza mapema, kwa sababu sehemu kubwa ya kazi hii inafanyika kabla hujawasha moto.

Nianze na hiyo pakiti, maana umeiogopa kwa haki. Watu wengi wakisikia chakula ni cha vegani wanadhani ni salama kwa kila mtu. Sivyo hata kidogo. Ukiondoa nyama, mayai na maziwa, viwanda vinahitaji kitu kingine cha kushika na cha kutafunika, na mara nyingi wanakimbilia kimoja au zaidi kati ya vitu vitatu: gluteni ya ngano, soya, na jamii ya njugu na korosho. Ile "nyama" ya vegani iitwayo seitani ni gluteni yenyewe, yaani donge la ngano lililooshwa wanga mpaka likabaki lile lenye kuvutika. Shangazi akila kipande kimoja amekula gluteni nyingi kuliko angekula chapati. Kwa hiyo chakula cha mgeni ndicho hatari kwa wenyeji, na hilo ndilo fundo la swali lako.

Akiileta, soma pakiti kabla haijaingia jikoni. Sheria ya Umoja wa Ulaya inataka vitu 14 vya aleji vionekane wazi kwenye orodha ya viambato, kwa kawaida kwa herufi nzito. Kwa Kijerumani *Weizen* ni ngano, *Gerste* ni shayiri, *Erdnüsse* ni karanga, *Eier* ni mayai, *Milch* ni maziwa. Ukiona *Kann Spuren von* ujue wanasema huenda mabaki ya kitu fulani yamo. Lakini hilo onyo la mabaki wanaliweka kwa hiari, hivyo pakiti isiyo nalo haijakuhakikishia chochote. Ushauri wangu ni mmoja: mwambie mdogo wako asiibebe. Abebe chokoleti isiyo na njugu.

Sasa tupike nini? Mimi nimechagua kunde, na nitakueleza kwa nini sikuchagua kitu kingine. Mayai kazi yake kwenye chakula cha kuoka ni kugandisha. Kunde mbichi iliyolowekwa, ikamenywa, ikasagwa, inaganda yenyewe ikipata moto. Ndiyo siri ya bajia za kunde: hakuna yai, hakuna unga wa ngano, na bado haziachii kwenye mafuta. Wenzetu wa Nigeria wanalichukua rojo hilo hilo, wanalifunga kwenye majani na kulipika kwa mvuke, linatoka limeshikana hata unalikata vipande. Sisi tutafanya hivyo, kisha tutalipeleka kwenye mkaa lipate ngozi ya kahawia na harufu ya moshi. Ndani tutalipa uyoga kwa ajili ya ule utamu wa nyama, na katikati tutapitisha kiazi lishe cha rangi ya chungwa, ili ukikata kila kipande kiwe na jicho.

Kabla ya yote, nijibu mambo mawili huko nyumbani.

La kwanza, mwanao ameshawahi kula kunde? Karanga ni jamii ya mikunde, ingawa watu huihesabu na korosho. Watoto wengi wenye aleji ya karanga wanakula maharage, choroko na kunde bila tatizo, lakini wapo wachache ambao mwili wao unakataa zaidi ya mmoja wa ukoo huo. Kama anakula bajia za kunde na kisamvu chenye kunde, endelea. Kama hajawahi kabisa, usimjaribishe siku ya Krismasi mlimani, mbali na hospitali. Muulize daktari wake kwanza.

La pili, shangazi alikatazwa ngano kwa sababu gani? Kama ni aleji ya ngano, anaepuka ngano. Kama ni ugonjwa wa siliaki, utumbo wake unadhurika na gluteni, na gluteni imo pia kwenye shayiri na rai (nafaka ya Ulaya inayofanana na ngano), hata kwa makombo yasiyoonekana kwa macho. Huyo bia ya kiwandani ya shayiri haimfai. Mbege, pombe ya Wachaga, ni ndizi na ulezi, na ulezi hauna gluteni, kwa hiyo kwa asili yake haina neno. Tatizo la mbege ni ule unga umesagwa wapi, na hapo ndipo nataka tukae kidogo.

Mashine ya kusaga ya mtaani ni mahali pa hatari kuliko watu wanavyofikiri. Asubuhi mtu amesaga mahindi. Aliyemfuata amesaga unga wa lishe, ule wa mahindi, ulezi, soya, karanga na wakati mwingine ngano, vyote pamoja. Ukija wewe na ulezi wako safi, kilo ya kwanza inayotoka imebeba mabaki ya mwenzako. Unga wako unaonekana mweupe au mwekundu kama kawaida na karanga imo. Ndiyo maana kwenye mapishi haya sikuwekei unga wowote wa mashine. Kila kitu kinaingia kikiwa kizima, unakichambua, unakiosha, unakisaga mwenyewe.

Nyumbani kwenyewe, kitu ninachokiogopa kuliko vyote ni kinu. Nina sababu. Miaka mingi nyuma nilikuwa napika sherehe ya kipaimara, na mama mmoja alikuwa ameniambia mapema kuwa binti yake hali karanga. Nilipika wali wake kwenye sufuria yake, nikaufunika, nikauweka mbali. Kijana aliyekuwa ananisaidia alitwanga iliki na pilipili manga kwenye kinu, akanyunyiza. Kinu kile jana yake kilikuwa kimetwanga karanga za mchicha. Kilikuwa kimeoshwa, nilikiona mwenyewe kimeanikwa juani. Lakini mti unakunywa mafuta. Yule mtoto hakumaliza vijiko vitatu, midomo ikaanza kuvimba mbele ya macho yangu, akawa anajikuna shingo, sauti imekauka. Tulimkimbiza hospitali na alipona. Tangu siku hiyo sitwangii chakula cha mwenye aleji kwenye kinu cha mti ambacho sijui historia yake, na sitaki wewe ujifunze kwa njia niliyojifunza mimi.

Kwa hiyo acha kinu cha bibi kipumzike. Acha pia miiko ya mbao ya zamani, ubao wa kusukumia chapati, ungo uliopepetea karanga, na bati za kuokea mkate. Nunua mwiko mmoja mpya na kibao kimoja kipya cha kukatia, uvifungie kwenye mfuko mpaka siku yenyewe. Sufuria za bati na vyuma ziko salama zikisuguliwa kwa sabuni na maji ya moto, pamoja na pale kwenye mikunjo ya masikio. Sponji iwe mpya, kwa maana sponji ya zamani inahamisha uchafu kutoka sufuria hadi sufuria. Kama una blenda, ifungue kisu chake chini, toa ule mpira wa duara, uoshe peke yake. Hapo chini ya mpira ndipo siagi ya karanga ya mwezi uliopita inapojificha. Mpira ukiwa umepasuka au unanuka karanga, azima blenda kwa mtu asiyesagia karanga.

Mafuta: chukua alizeti iliyosafishwa kiwandani, chupa mpya isiyofunguliwa. Mafuta ya kukamuliwa kwenye mashine ndogo ni matamu, nayapenda, lakini mashine nyingi za aina hiyo hukamua alizeti leo, kesho karanga au ufuta. Na usitumie mafuta yaliyokwisha kaangia maandazi. Viungo: nunua vizima. Mchanganyiko wa pilau wa pakiti na vile vidonge vya supu unaweza kuwa na unga wa ngano, soya au maziwa, na sosi ya soya ya kawaida hutengenezwa kwa ngano pia. Majarini usiiamini bila kusoma, kuna yenye maziwa. Na asali, ambayo najua kwa baba yako ipo ya mzinga, haimo kwenye sahani ya vegani, kwa sababu ni mali ya nyuki. Tutatumia sukari guru.

Haya, tuingie jikoni. Kwa watu kumi na wanne wenye ndafu pembeni, magogo mawili yanatosha, na kila mtu apate kipande.

Kunde kavu gramu 750, ambazo ni kama vikombe vinne. Chagua za rangi nyeupe zenye jicho jeusi ukizipata. Zichambue kwenye sinia, punje kwa punje, maana sokoni magunia yanakaa bega kwa bega na karanga na kijiko cha kupimia ni kimoja. Kama muuzaji wako anauza vyote viwili, tafuta mwingine anayeuza nafaka na mikunde mizima mbali na karanga, au nunua pakiti iliyofungwa. Zioshe mara tatu, ziloweke saa tano au sita. Zikishavimba, zifikiche kwa viganja ndani ya maji mengi. Maganda yanaelea, unayamwaga, unaongeza maji, unafikicha tena. Hii kazi ina kuchosha kwake, na watoto wanaipenda, wape. Usiogope maganda machache yakibaki.

Naomba hapa usibadilishe. Kunde ikikosekana, tumia choroko zilizoparazwa na kumenywa, zioshwe na kulowekwa vilevile. Usitumie maharage mekundu mabichi. Maharage hayo yana sumu ya asili iitwayo lektini, na yanatakiwa yachemke kwa nguvu ndipo iishe. Mimi huyaachia nusu saa ya kuchemka kabla sijapunguza moto. Ukiyasaga mabichi na kuyaoka kwa joto la pole pole sumu haiishi, yaweza hata kuzidi ukali, na familia nzima italala na matapishi usiku wa Noeli.

Saga kunde kidogo kidogo, kwa maji kidogo sana, yale tu ya kufanya kisu kizunguke. Unataka uzito wa rojo la bajia, likae kwenye mwiko bila kuchuruzika. Ukimaliza, limimine kwenye bakuli kubwa na ulipige kwa mkono ulio safi, kuelekea upande mmoja, dakika kumi nzima. Rojo linabadilika rangi, linakuwa jeupe, linakuwa jepesi, utasikia linapumua chini ya vidole. Chukua tone ulidondoshe kwenye glasi ya maji: likielea, umefika. Likizama kama jiwe, endelea kupiga. Chumvi iingie baada ya hapo. Hewa hiyo ndiyo inayofanya gogo liwe laini, kwa kuwa hatuna yai wala hamira.

Wakati kunde zimelowa, shughulikia uyoga. Kilo moja ya ule mweupe unaolimwa kwenye mifuko. Usiokote wa porini kama si mjuzi. Uchane kwa vidole kufuata nyuzi zake, kama unavyochana kuku. Uweke kwenye kikaango kipana bila mafuta, moto mkali, na chumvi kidogo. Utatoa maji mengi mpaka uone umeharibu. Hujaharibu. Yachuje maji hayo kwenye bakuli, uyatunze. Rudisha uyoga motoni na vijiko vinne vya mafuta, uache ushike chini, ugeuze, ushike tena, mpaka kingo ziwe kahawia na harufu ianze kumfanya mtu wa nje aulize mnachoma nini. Ongeza vitunguu maji vinne vikubwa vilivyokatwa vidogo, punje kumi za kitunguu saumu, tangawizi ya kidole kimoja, na nyanya tatu zilizomenywa. Kaanga mpaka nyanya ikauke kabisa na mafuta yajitenge. Nasisitiza kukauka, kwa sababu kila tone la maji linaloingia kwenye rojo ni udhaifu wa gogo lako.

Viungo vya kukaanga na kusaga kwenye mashine ndogo ya kahawa iliyo safi, au kuponda kwa chupa juu ya kibao kipya: kijiko kikubwa cha binzari nyembamba, punje kumi na tano za pilipili manga, karafuu nne, iliki sita, mdalasini kipande. Karafuu zisizidi. Karafuu tano na uyoga zinageuka dawa ya jino.

Kisha moshi, na hili ni la hiari lakini mimi siachi. Weka kaa moja jekundu kwenye kibati kidogo, kiweke katikati ya sufuria yenye uyoga, dondoshea matone ya mafuta, funika haraka. Dakika tano. Uyoga utanukia kama jikoni kwa bibi.

Changanya uyoga uliopoa na rojo la kunde. Onja chumvi kwa kukaanga kijiko kimoja kwenye kikaango; usionje rojo likiwa bichi.

Viazi lishe viwili virefu, vichemshe na maganda mpaka viive nusu, vimenye, uvikate kwa urefu vipande vinene kama kidole gumba. Mchicha mafungu mawili uuchome kwa maji moto dakika moja, uukamue mpaka ukauke, uuchanganye na chumvi na limao.

Majani ya mgomba huko Marangu hununui, unakata uani. Chagua mapana yasiyopasuka na upepo, yaoshe, yababue juu ya moto mpaka yang'ae na kulainika, yasivunjike ukiyakunja. Toa uti wa jani, usiutupe. Tandika majani mawili yaliyopishana, mwaga nusu ya rojo, lisambaze liwe mstatili wa urefu wa mkono mmoja hivi, unene wa vidole viwili. Katikati tandika mchicha, juu ya mchicha panga viazi vyako mstari mmoja. Sasa inua jani upande mmoja, likunje kwa upole ili rojo lifunike viazi na kukutana na upande wa pili, viringisha, kunja ncha zote mbili chini kama unavyofunga zawadi. Funga kwa kamba za mgomba zilizolowekwa, au uzi mweupe wa pamba, kila baada ya vidole vinne. Usikaze sana. Kunde inavimba, na ukikaza kama mzigo wa kuni itapasua jani.

Panga uti wa majani chini ya sufuria kubwa, mwaga maji yasiyozidi uti, laza magogo juu, funika kwa jani jingine na kifuniko kizito. Kwa pwani ningesema saa moja na robo. Marangu iko zaidi ya mita 1,300 juu ya bahari, na huko maji yanachemka kabla hayajafika nyuzi 100, kama nyuzi 95 hivi. Mvuke wake hauna nguvu ile ile. Pika saa moja na dakika arobaini, ukiongeza maji ya moto kila yakipungua. Ukilichoma kwa kijiti chembamba, kitoke kikavu.

Fanya yote haya tarehe 24 asubuhi au mchana. Gogo likitoka linaonekana limelegea, utasikitika. Liache lipoe ndani ya jani lake, kisha liweke kwenye friji usiku mzima. Asubuhi limekuwa gumu na linakatika vizuri. Kama friji hakuna, usililaze nje hata kama mlima una baridi, chakula cha kunde kinachacha. Lipike mapema asubuhi ya Krismasi na ulipe saa mbili za kupumzika.

Saa moja kabla ya kula, andaa rangi yake. Kwenye sufuria ndogo chemsha ukwaju uliokamuliwa kikombe kimoja, sukari guru ya kukwaruza vijiko vitatu, nyanya moja iliyosagwa, pilipili manga na chumvi, mpaka iwe nzito ya kushika nyuma ya kijiko. Fungua majani upande wa juu tu, acha ya chini yawe sinia. Paka ukwaju. Weka kwenye sufuria nzito kavu, makaa machache chini, kifuniko cha bati, na makaa mengi juu yake. Ni kupalia kule kule kwa wali na mikate ya kumimina. Theluthi mbili ya moto iwe juu. Kila dakika kumi funua, pangusa majivu kwanza, paka tena. Baada ya dakika arobaini ngozi inakuwa nyekundu yenye weusi kwenye mikunjo, inang'aa, na sukari imeanza kupasuka vipovu pembeni. Litoe gogo hapo.

Mchuzi usikusumbue. Yale maji ya uyoga uliyotunza, yachemshe na kitunguu kilichokaangwa kikakolea, ukwaju uliobaki, na kiazi mviringo kimoja kilichopondwa ili kiwe kizito. Pembeni, kiburu cha ndizi na maharage kinakubalika kwa wote watatu ukikipika bila samli na maziwa, maharage yakiwa yamechemka vizuri. Kachumbari pia.

Gogo lije mezani zima, juu ya jani lake, wakati ule ule ndafu inapoletwa. Mwombe baba alikate yeye, akianza nalo kabla hajagusa ndafu, kwa kisu chake na kibao chake. Kisu kilichokata mbuzi kikirudi kwenye gogo, mgeni hataweza kulila tena, na kama mchoma ndafu alipaka sosi ya soya yenye ngano, shangazi naye amekosa. Kata vipande vya unene wa vidole viwili, kisu ukikichovya kwenye maji ya moto kila baada ya kipande. Jicho la chungwa likitokea, na pete ya kijani kulizunguka, utaona wenye nyama nao wanasogeza sahani. Ndiyo maana nimesema magogo mawili.

Karanga za kukaanga zisiwepo nyumbani siku hiyo, hata bakuli la wazee nje. Watoto wanacheza, wanashikana mikono, wanarudi mezani. Waambie wageni kwa simu kabla, bila aibu, na wakija waoshe mikono kwa sabuni. Dawa ya kupaka ya kuua vijidudu haiondoi karanga kwenye vidole.

Na kama pamoja na yote mwanao ataanza kuvimba midomo au ulimi, kukohoa, kupumua kwa shida, kutapika mfululizo au kulegea, msisubiri muone. Dawa yake ni sindano ya adrenalini, na kama daktari alimwandikia ya kubeba apigwe hapo hapo pajani, kisha mwende hospitali hata akipata nafuu. Kidonge cha piritoni hakizuii koo kufunga. Gari liwe na mafuta na lisizibiwe na magari ya wageni, na dereva awe mtu ambaye hajanywa. Mchague tarehe 24, mwambie kazi yake.

Vitakavyobaki, vitie kwenye friji ndani ya saa mbili. Tarehe 26 asubuhi vikaange pande zote kwenye mafuta kidogo, ndani ya kikaango kisichopikiwa mayai, mpaka vishike ukoko. Mwanao atataka umpikie tena shule zikifunguliwa. Niandikie uniambie shangazi alisemaje.